Umesahau zile senti 75

Makala yako ya gofu imesimulia vizuri ushindi wa Tiger Woods, mcheza gofu Mmarekani mwenye asili ya Kiafrika, kwenye mashindano ya Masters kule Augusta mwaka 1997, ila ukiisoma utadhani Wamarekani Weusi walishika fimbo za gofu juzi tu. Greensboro, North Carolina, haikutajwa hata kidogo. Desemba 7, 1955, daktari wa meno George Simkins na wenzake watano walifika Gillespie Park, uwanja wa gofu wa jiji hilo, wakaambiwa hawaruhusiwi kwa kuwa ni Weusi. Hawakubishana. Kila mmoja aliweka senti 75 za kiingilio kaunta, wakaenda zao kucheza, meneja akiwafuata nyuma akiwafokea. Baadaye polisi wakawakamata.

Kinachoniudhi zaidi ni ujanja wa manispaa. Uwanja wa umma, walikuwa wameukodisha kwa klabu kwa dola 1 kwa mwaka ili wapate kusema ni wa wanachama tu. Dola moja jamani, hata mpira wenyewe wa gofu sijui kama unaupata!

Mahakama ilipoamuru ubaguzi ukome, jengo la klabu likateketea kwa moto na jiji likaufunga uwanja. Tangu siku ile ya 1955, miaka saba mizima Simkins alingoja, hadi Desemba 1962 ulipofunguliwa tena.