Piano ya Kompyuta Ipimwe kwa Vidole, Si kwa Gigabaiti

Programu za kompyuta zinazotoa sauti ya piano hunadiwa kwa ukubwa wake wa gigabaiti, na wanunuzi wengi huchagua kwa kigezo hicho hicho. Naona kigezo hicho kinapotosha, hasa kwa mpigaji wa jukwaani.

Kibodi iliyounganishwa na kompyuta hupeleka ujumbe tu, wala si sauti. Kwa utaratibu wa MIDI, yaani lugha ya mawasiliano kati ya ala za muziki na kompyuta, uliotoka mwaka 1983, ujumbe huo hutaja noti iliyobonyezwa na kasi ya kuibonyeza, ambayo kwa kawaida hupimwa kwa namba isiyozidi 127. Programu ndiyo inayoamua namba hiyo isikike vipi. Nyingi hutumia sampuli, yaani rekodi za piano halisi ambayo noti zake zilipigwa mara nyingi mbele ya maikrofoni kadhaa, kuanzia kwa upole hadi kwa nguvu. Ndiyo maana baadhi hujaza makumi ya gigabaiti. Nyingine, kama Pianoteq ya Ufaransa, hazitegemei rekodi za noti, bali hukokotoa papo hapo mwenendo wa nyundo, nyuzi na mbao, na kwa hiyo huchukua nafasi ndogo sana.

Jukwaani, kinachomsumbua mpigaji kwanza ni ucheleweshaji, yaani muda kati ya kubonyeza na kusikia. Kompyuta huandaa sauti kwa mafungu ya vipimo, yaani namba zinazoeleza wimbi la sauti: fungu la vipimo 128, kwa kiwango cha vipimo 44,100 kwa sekunde, huongeza takriban milisekunde 3, ilhali fungu la vipimo 1,024 huongeza milisekunde 23, na hapo vidole huanza kuisubiri sauti. Ukipunguza fungu kupita uwezo wa kompyuta, sauti hukatika na kukwaruza. Pedali, yaani kanyagio la kurefusha noti, nayo huongeza mzigo, kwa sababu noti zinazoendelea kulia hurundikana, na programu nzuri huiga pia mwitikio wa nyuzi ambazo hazikupigwa. Zaidi ya hayo, pedali ya bei nafuu inayojua kuwaka na kuzima tu haiwezi kukanyagwa nusu, hata programu iwe bora kiasi gani.

Studioni mambo ni mepesi zaidi. Ujumbe wa MIDI ukishahifadhiwa, mtayarishaji anaweza kusahihisha noti, kubadilisha piano yenyewe, kisha kuongeza fungu bila kumwathiri mpigaji. Hapo gigabaiti zina maana kwa piano inayosikika peke yake. Ikichanganywa na besi, ngoma na waimbaji, sehemu kubwa ya ule undani uliolipiwa humezwa.

Kwa hiyo, kabla ya kununua, ningejaribu toleo la majaribio kwa kupiga noti moja polepole, nikiongeza nguvu kidogo kidogo. Rangi ya sauti ikiruka ghafla badala ya kupanda taratibu, ningerekebisha kwanza mpangilio wa mguso, yaani jinsi programu inavyotafsiri kasi ya kubonyeza, kwa kuwa mara nyingi kibodi na programu hazijalinganishwa. Ikiendelea kuruka hata baada ya hapo, ningeiacha.