Fundi Naye Aulizwe

Karibu na mji wa Taos, katika jimbo la New Mexico nchini Marekani, nilikohamia, zipo nyumba ambazo kuta zake ni matairi chakavu yaliyoshindiliwa udongo kwa nyundo kubwa, hadi kila tairi likapita uzito wa kilo 100. Kuta hizo nene hufyonza joto la jua mchana na kulitoa usiku wa baridi, na maji ya mvua hukingwa kutoka paani. Msanifu majengo Michael Reynolds alianza majaribio yake miaka ya 1970, na mwaka 2007 Oliver Hodge akatoa filamu kumhusu, Garbage Warrior.

Ninaiheshimu filamu hiyo kwa sababu inamwacha mjenzi afikiri mbele yetu. Tunamwona akiwashawishi wabunge wa jimbo waruhusu majaribio ya ujenzi, kisha tunamwona katika visiwa vya Andaman nchini India, baada ya tsunami ya Desemba 2004, akijenga pamoja na wenyeji. Kwetu Tanzania, filamu nyingi nilizotazama kuhusu nyumba za vifaa vilivyokwisha kutumika husimulia shida peke yake, na fundi anayenyoosha misumari ya zamani, anayekagua mabati kuukuu moja baada ya jingine, na anayejua ni mbao ipi kati ya zile zilizomwagiwa zege bado inafaa kwa kenchi, hupita mbele ya kamera bila kuulizwa lolote.

Sitaki shida hiyo ifichwe. Anayelala chini ya bati tupu katika joto la Februari jijini Dar es Salaam hakuchagua maisha hayo, ilhali kujenga kwa matairi huku mara nyingi ni uamuzi wa mtu mwenye kiwanja na akiba, na filamu ya haki haina budi kulisema hilo.

Hata hivyo, ipo tofauti ambayo naona watengenezaji wa filamu hawajaitazama vya kutosha. Huku tairi lililochakaa ni mzigo, na mwenye nalo hulipa ili lichukuliwe. Kwetu tairi hilohilo tayari lina wenyewe: kuna anayelikata kutengeneza makatambuga na kuna anayechana mpira wake kuwa kamba za kufungia mizigo, kama ambavyo chupa ya soda hurudishwa dukani ndani ya kreti. Kwa hiyo anayetaka kuiga nyumba za Taos nyumbani atagombea mali ghafi na watu wanaoitegemea kwa riziki, na ningependa sana kuona filamu inayofuata biashara hiyo kuanzia nyumba inapobomolewa, kupitia kwa muuza mbao na fremu za madirisha, mpaka kwenye kiwanja kipya, huku fundi akieleza kwa Kiswahili bei, vipimo na sababu za kila uamuzi. Filamu hiyo ioneshwe kwanza mtaani kwake, mwenye nyumba naye akiwepo, ndipo ipelekwe kwenye matamasha ya huku.