Kamera Zizini na Jicho Lililozoea

Mwaka 2003 watafiti nchini Uingereza walichapisha matokeo kutoka mashamba 53 ya ng'ombe wa maziwa. Wafugaji walikadiria kwamba takriban asilimia 6 ya ng'ombe wao walikuwa wanachechemea. Watafiti walipowatazama wakitembea, walipata asilimia 22.

Anayepinga kamera zizini akishikilia kwamba jicho la mfugaji halina mbadala aanze na pengo hilo. Wafugaji wale hawakuwa wazembe. Ng'ombe kwa asili ni mnyama wa kuwindwa, na huficha maumivu kadiri awezavyo. Tena, amwonaye kila siku humzoea: mgongo ulioanza kupinda kwa maumivu wiki tatu nyuma huishia kuhesabiwa kuwa ndivyo alivyoumbwa. Atatambuliwa siku atakayoshindwa kukanyaga, dalili za mwanzo zikiwa zimepita zote. Kwa hiyo karibu ng'ombe 16 katika kila 100 walikuwa wakiumia mchana kweupe, mbele ya watu wanaowapenda.

Kamera haimzidi mfugaji ujuzi. Inachomzidi ni kutozoea. Ikifungwa juu ya njia ya kutokea mahali pa kukamulia, programu yake ya kompyuta hupima umbo la mgongo na urefu wa hatua, kisha humlinganisha ng'ombe na alivyokuwa juzi. Kwa kuku wa nyama, Marian Dawkins na wenzake wa Chuo Kikuu cha Oxford walionyesha kuwa mwendo wa kundi zima hudokeza matatizo ya kiafya mapema, bila kumtambua kuku mmojammoja. Banda likiwa na kuku 20,000, sijui jicho gani la mtu linalotetewa hapo.

Wapinzani wana hoja. Programu hizi hufundishwa kwa alama zilizotolewa na watu, na watu hao hutofautiana sana juu ya ng'ombe anayechechemea kidogo. Lenzi hushika vumbi na utando wa buibui. Kisha kuna kengele za uongo: tuseme ng'ombe wazima ni 200 na mfumo hukosea mara 5 katika 100, kila siku mfugaji ataitwa kukagua ng'ombe 10 wasio na lolote. Haitachukua muda naye ataizoea kengele, kama alivyouzoea mgongo.

Hofu kubwa zaidi ni kwamba kamera itakuwa kisingizio cha kupunguza wafanyakazi na kusonganisha wanyama. Hofu hiyo ninayo pia. Ila msongamano ulikuwapo kabla ya kamera, na dawa yake ni sheria ya nafasi kwa kila mnyama. Kumnyima ng'ombe anayeumia nafasi ya kuonekana hakumpunguzii jirani zizini.

Wauzaji hupenda kutangaza usahihi wa asilimia 90 na kitu. Mnunuzi aulize jingine: katika mashamba yanayotumia mfumo huo, kengele ikilia, ni kwato ngapi huinuliwa na kukaguliwa ndani ya siku mbili, na nani analipwa kuifanya kazi hiyo?