Shimo jeusi si pampu
Nimesoma makala inayodai eti shimo jeusi (kitu cha angani chenye uzito mkubwa uliobanwa mahali padogo mno) "linanyonya" kila kitu angani kama pampu ya kisima! Hapo mwandishi kateleza. Nafundisha fizikia sekondari huku Kongwa, na kila mwaka naulizwa: mwalimu, mbona halijatumeza? Ukiwa mbali nalo, uvutano wake ni wa kawaida tu. Jua lingegeuka leo kuwa shimo jeusi lenye uzito uleule, Dunia ingeendelea kulizunguka vilevile (baridi ndiyo ingetumaliza). Kisichorudi ni kile kilichokwisha kuvuka mpaka wake, hata kama ni mwanga. Lile la katikati ya galaksi yetu wataalamu walilijua kwa kufuatilia majirani zake: nyota iitwayo S2 hulizunguka kwa miaka 16 hivi, na kwa mwendo huo wakapiga hesabu kwamba lina uzito wa majua kama milioni 4. Picha yenyewe ilikuja baadaye sana, Mei 2022. Julai, mawingu hakuna, umeme ukikatika huwatoa wanafunzi nje kwenye saa nne usiku tukatazama upande lilipo shimo hilo, karibu na mkia wa kundi la nyota liitwalo Nge. Huko Bahi na Manyoni kuna mwalimu mwingine anayefanya hivyo?