Katuni za zamani hazijafunga mlango wa zetu

Kati ya walimu na wazazi wa Lubumbashi kuna hoja inayorudi kila likizo kubwa, watoto wanaposhinda nyumbani. Katuni za Tom na Jerry, za Tintin, yule kijana mwandishi wa habari wa Kibelgiji, za Lucky Luke na wenzao, wanasema, ni mambo ya Wazungu wa zamani. Yamekaa vichwani mwa watoto wetu vizazi vitatu sasa, yatosha, yaondolewe ili ya kwetu yapate nafasi. Wanaosema hivyo si watu wa kupuuzwa. Wanachokiona ni cha kweli: mtoto wa mtaa wetu wa Katuba anamjua kwa jina mbwa wa Tintin, lakini hajawahi kushika kitabu cha katuni kilichochorwa na mtu wa mji wake. Ninachokataa ni sababu wanayoitoa.

Hoja yao ina nguvu zaidi wanapokitaja kile kitabu cha Tintin juu ya Kongo. Kilianza kutoka kidogo kidogo katika gazeti la watoto la Brussels mwaka 1930. Mchoraji wake, Hergé, alikuwa na miaka 23 na hajawahi kukanyaga nchi hii. Wakongo aliowachora humo wanasema Kifaransa cha kubabaisha na wanamwabudu mgeni pamoja na mbwa wake. Kitabu kilipochorwa upya kwa rangi mwaka 1946, lile somo ambalo Tintin anawaambia wanafunzi kwamba nchi yao ni Ubelgiji liligeuzwa kuwa somo la hesabu, na mengi mengine yakaachwa vilevile. Hergé mwenyewe alikuja kukiita kosa la ujana. Mkongo Bienvenu Mbutu Mondondo alikipeleka mahakamani Brussels mwaka 2007, na mwaka 2012 mahakama ikamkatalia. Mimi singemwachia mtoto wa miaka saba kitabu kile akisome peke yake. Hata katika filamu za mwanzo za Tom na Jerry kuna mama mweusi, mtumishi wa ndani, ambaye karibu kila mara tunaonyeshwa miguu yake tu. Ni dharau ya Marekani ya wakati ule, na haifutiki kwa kusema ni vya watoto.

Hayo yote yanatufundisha kuwa macho. Hayaelezi kwa nini vitu hivi vinapendwa. Wakosoaji wanajibu haraka kwamba ni mazoea ya ukoloni, kwamba tumezoeshwa kumtazama Mzungu. Jibu hilo halijawahi kuniridhisha, kwa sababu halimtazami mtoto mwenyewe anapocheka.

Chukua filamu ya Tom na Jerry iliyopata tuzo ya Oscar mwaka 1947. Tom anaingia jukwaani amevaa suti nyeusi ya tamasha, anaketi mbele ya piano, anaanza kupiga rapsodia ya pili ya Kihungaria ya mtunzi Liszt. Jerry amelala ndani ya piano, juu ya zile nyundo ndogo zinazogonga nyuzi. Nyundo zinamrusha, anaamka, vita vinaanza. Tom hawezi kusimama kupigana kwa kuwa ukumbi unamtazama, kwa hiyo inambidi agombane na panya bila kuacha kupiga piano. Kuna mahali kidole chake kinanaswa na mtego wa panya uliowekwa kati ya vibao vya piano, kuna mahali anapiga kwa miguu. Mwishoni Tom ameanguka hoi, na taa ya jukwaa inamwangukia Jerry, anayeinama kupokea makofi. Ni dakika saba hivi, na hakuna anayesema neno. Mtoto ambaye nyumbani anasema Kiswahili na shuleni anasukumwa aingie katika Kifaransa hapungukiwi na kitu hapo. Kichekesho chote kimo katika muziki na mikono.

William Hanna na Joseph Barbera, waliobuni Tom na Jerry, walianza kazi hiyo mwaka 1940, na hadi 1958 walikuwa wametengeneza filamu 114. Hesabu hii huwa nairudia mara nyingi. Miaka 18 kwa filamu 114 ni kama sita kwa mwaka. Ziunganishe zote, kila moja dakika saba au nane, utapata kama saa 14. Studio nzima, wachoraji, wapaka rangi, Scott Bradley na wapigaji wake wa muziki, walifanya kazi miaka 18 ili kujaza saa 14. Mtoto wa Lubumbashi anazimaliza kwa siku mbili za likizo, umeme ukikubali. Siku ya tatu anaanza upya, na hapo anaona asichokiona mara ya kwanza: uso wa Tom sekunde moja kabla ya kugundua kwamba amenaswa, au jinsi kinanda kinavyoharakisha pale Jerry anapokimbia. Kazi ile ya polepole ndiyo inayomlipa anayerudia. Vipindi vingi vinavyotengenezwa sasa kwa kujaza saa za dekoda vinakwisha siku hiyohiyo vinapoonyeshwa, na mtoto havidai tena.

Najua mtu atanitajia Olive na Tom, ile katuni ya Kijapani ya mpira, vipindi 128 kati ya 1983 na 1986, iliyochorwa kwa haraka ya televisheni, yenye uwanja mrefu kiasi kwamba mchezaji anakimbia na mpira karibu kipindi kizima kabla ya kufika golini. Nayo inapendwa, na wanaume wazima wa mji huu wa timu ya Mazembe wanaikumbuka vizuri. Nakubali, ubora wa mkono si kila kitu. Lakini nayo ina kitu cha kurudiwa: kila goli linasubiriwa muda mrefu, na kusubiri huko hakuchoshi hata kwa anayejua litakavyoingia.

Kwa vitabu jambo ni lilelile. Albamu ya Tintin ina kurasa 62. Zile kuukuu zinazopangwa chini barabarani katikati ya mji zina jalada lililoshikizwa kwa utepe wa gundi, pembe zimeliwa, mara nyingine ukurasa wa mwisho umeng'oka, na bado zinanunuliwa. Anayenunua anaujua mwisho. Mtoto asiyesoma Kifaransa bado anafuata michoro, miaka miwili baadaye anakirudia kitabu hichohicho na sasa anasoma maneno. Wengi waliokwenda mbali kwa Kifaransa katika mji huu walianzia pale, na sioni aibu ndani yake.

Sasa turudi kwenye nafasi inayodaiwa kuibwa. Lubumbashi haikungoja mtu aifundishe kusimulia kwa picha. Kampuni ya migodi ya shaba, Union Minière, baadaye Gécamines, ilikuwa na gazeti lake Mwana Shaba, na katika miaka ya 1960 likaja Mwana Shaba Junior kwa watoto wa wafanyakazi, na katuni ndani yake. Mwaka 1973 na 1974 Tshibumba Kanda-Matulu alichora historia ya nchi hii katika picha 101, moja ikiifuata nyingine, nyingi zikiwa na maandishi ndani yake. Mwaka 1989 ilichapwa hapahapa *Alerte à Kamoto*, hadithi ya Pie Tshibanda kwa michoro ya Nsenga Kibwanga. Kitafute leo katika soko la mtaa wa Kenya hapa mjini, au kule barabarani penye Tintin kuukuu.

Ni nani aliyeviondoa? Si Tintin. Gécamines ilikuwa inatoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka katikati ya miaka ya 1980, na mwaka 1994 haikufika 50,000. Gazeti la watoto linalotegemea mfuko wa kampuni haliwezi kusimama mfuko huo ukikauka. Tshibanda alikwenda uhamishoni Ubelgiji mwaka 1995. Picha 101 za Tshibumba ziko Amsterdam, na kitabu kilichozikusanya kilitoka California mwaka 1996. Barly Baruti, mzaliwa wa Kisangani, amechora vita vya mwaka 1915 kwenye ziwa letu la Tanganyika, na aliyekichapa kitabu hicho mwaka 2014 ni Glénat, wa Ufaransa. Vitabu vya Tintin vimekuwa mikononi mwa mchapishaji mmoja, Casterman, tangu 1934, na mchapishaji huyo hajawahi kuchoka kuvichapa tena. Ukimpa mtoto vitu viwili, kimoja kimechapwa mara mia na kingine mara moja, huwezi kumlaumu kwa kukijua kile cha kwanza.

Upande wa pili una jibu hapa, na ni zuri: vitabu vya Ulaya vimeletwa kwa wingi, mara nyingi bure, katika maktaba za misheni na za vituo vya utamaduni, na mchapishaji wa hapa hawezi kushindana na cha bure. Ni kweli. Lakini hata hivyo, kumnyang'anya mtoto Tom na Jerry hakuongezi ukurasa hata mmoja wa Mwana Shaba Junior. Kungemwachia rafu tupu, na rafu hiyo ingejazwa na vipindi vile vya dekoda, ambavyo wakosoaji hawa wanavichukia zaidi.

Ningependa nguvu hiyohiyo waielekeze kwa wenye makaratasi. Matoleo ya Mwana Shaba Junior hayajapotea yote. Yako katika masanduku ya wastaafu wa kambi za Gécamines, na kampuni yenyewe bado ipo, ina jengo na ina wakuu wanaoweza kuandikiwa. Kuyapiga picha ukurasa kwa ukurasa ni kazi ya simu nzuri na vijana watatu wenye subira. Ruhusa ya kuchapa upya ndiyo ngumu, maana baadhi ya wachoraji walifariki na warithi wao hawajulikani walipo, na hapo chama cha wazazi chenye sauti kali kama hiki kinachotaka Tintin aondoke kingekuwa na kazi ya mwaka mzima.