Wataji na Wajikwaaji: jicho huona kabla ya jina?

Katika mapango ya Amboni, yapata kilomita 8 kaskazini mwa jiji la Tanga, mwongozaji humulika ukuta wa chokaa kwa tochi yake na kuwauliza wageni wanaona nini. Wengi hujibu kwamba wanaona jiwe. Akishatamka neno "tembo", masikio, mkonga na mgongo hujitokeza papo hapo, na tangu hapo mgeni hawezi tena kulirudisha jiwe likawa jiwe tupu. Ziara ya namna hiyo ndiyo iliyotupa, mimi na wenzangu watatu tunaotunga pamoja hadithi ya nchi ya kubuni iliyo chini ya ardhi, madhehebu ya falsafa tuliyoyaita Wataji. Jina lilituchekesha, kwa kuwa mtaji ndicho kitu ambacho kikundi chetu hakijawahi kuwa nacho.

Wataji hufundisha kwamba jicho, hata likipewa mwenge, halipokei ila madoa, na kwamba jina ndilo linaloyakata madoa hayo yakawa mwamba, popo au uso wa mtu. Kwa sababu hiyo mbeba mwenge wa nchi ile hulazimika kutamka jina la kitu kabla ya kukimulika, na asiyejua majina haruhusiwi kutangulia msafara. Wapinzani wao, Wajikwaaji, wana hoja moja tu, nayo huionyesha kwa vidole vya miguu: jiwe ambalo hakuna aliyelitaja hung'oa ukucha sawasawa na lile lililotajwa.

Hoja hiyo inapendeza masikioni, lakini ni nyepesi kuliko Wajikwaaji wanavyodhani. Mtaji hakukana kwamba kitu kipo. Alichokana ni kwamba kimeonekana kuwa jiwe. Atasema aliyejikwaa ameona maumivu, basi, na jiwe amelikisia baadaye. Hapo Kiswahili chenyewe kinamuunga mkono, maana sisi huona njaa, huona baridi na huona haya, tena husikia harufu kwa kitenzi kile kile tunachosikilia adhana, bila kuulizana ni kiungo gani kilichofanya kazi. Kwa msemaji wa lugha hii, kuona hakujapata kuwa kazi ya jicho peke yake.

Wataji wana mashahidi wazito zaidi. Ibn al-Haytham, mwanazuoni mzaliwa wa Basra aliyefariki Kairo karibu na mwaka 1040, alipinga katika Kitab al-Manazir, kitabu chake juu ya nuru na kuona, dhana ya kwamba jicho hutoa miali yake, akaeleza kuwa nuru hutoka kwenye kitu na kuingia jichoni. Hata hivyo hakuishia hapo. Aliongeza kwamba kukitambua kitu kunahitaji kukilinganisha na kile ambacho mtu alikwisha kukijua, na kwamba ulinganisho huo hupita upesi mno hata mwenyewe asiuhisi. Mwaka 1688 William Molyneux, msomi wa Ireland, alimwandikia mwanafalsafa Mwingereza John Locke kumuuliza iwapo kipofu wa kuzaliwa, akifumbuliwa macho, angeweza kuupambanua mpira na mchemraba kwa kuviangalia tu. Majaribio yaliyochapishwa mwaka 2011, yaliyofanywa nchini India kwa watoto na vijana waliopata kuona baada ya upasuaji, yalionyesha kwamba mwanzoni walishindwa kulichagua kwa macho umbo walilokuwa wamelishika mkononi muda mfupi kabla. Jicho lilikuwa wazi na nuru iliingia, lakini kilichoonekana hakijaungana na kile ambacho mkono ulikijua.

Wenzangu waliposikia hayo walitaka kuwatangaza Wataji washindi. Mimi nilikataa, na bado nakataa, kwa sababu wagonjwa wale hawakupungukiwa na majina. Walichokosa ni mazoea, nayo yalianza kuja ndani ya siku chache. Ushahidi huo unabomoa dai la jicho linalojitosheleza, lakini haulikalishi jina kwenye kiti kilichoachwa wazi.

Rangi zinaonyesha jambo hilo waziwazi. Kijani tumekitoa kwenye majani, kijivu kwenye jivu, na manjano ni jina la kiungo cha mboga kabla ya kuwa jina la rangi. Ikiwa jina hutangulia kuona, ni nani basi aliyeona kwamba manyoya ya punda yanafanana na jivu, wakati neno "kijivu" halijazaliwa? Ni kweli kwamba jina likishapatikana hulinoa jicho: utafiti wa mwaka 2007 uliwakuta Warusi, ambao wana neno moja la bluu iliyokolea na jingine la bluu iliyopauka, wakiwahi kidogo kutofautisha rangi mbili zikiangukia pande mbili za mpaka huo. Lakini kunoa kisu si kukifua.

Kilichonikinaisha kabisa ni pweza. Bamvua linapokausha miamba, akina mama wa pwani yetu hutoka na michokoo yao, yaani vijiti vya kuchokolea pweza mashimoni, na wapo wanaofuatana na watoto. Mtoto analijua jina la pweza tangu kunyonya, amemla wa nazi mara nyingi, lakini akisimama juu ya shimo lake haoni ila mwamba, kwa kuwa mnyama huyo amekwisha kuvaa rangi ya mahali alipo. Mama anaona. Anaona vijiwe na maganda ya kaa yaliyorundikwa mlangoni kwa namna ambayo maji hayarundiki. Kwa kanuni ya Wataji mtoto huyu anastahili kubeba mwenge, maana jina analo. Na kwa kanuni ya Wajikwaaji angesubiri ang'atwe.

Nilipouleta mfano huu, mwenzetu mmoja aliutetea upande wa Wataji kwa kusema kwamba mama naye humfundisha mtoto kwa maneno. Nilimwomba ayakumbuke maneno yenyewe. "Pale. Siyo hapo, mwanangu, pale." Humo hamna jina hata moja la pweza wala la shimo, mna kidole, mna subira, na mna mchokoo unaopita mkono hadi mkono. Mtetezi alijibu kwamba "pale" nalo ni jina, changa tu. Akishalikubali hilo, madhehebu yake yamebaki na neno moja la kufundishia, na neno hilo halimfai kitu mtu asiyekuwapo mwambani siku hiyo.