Appalachian si vilima tu
Ndugu mwandishi, makala yako ya milima ya Amerika Kaskazini ni nzuri, ila hapo uliposema Milima ya Appalachian ya mashariki ni "vilima" mbele ya Rocky ya magharibi, umeionea. Ni kweli Mount Mitchell, kilele chake cha juu kabisa, kina mita 2,037 tu, na Mount Elbert kule Colorado, kilele cha juu kabisa cha Rocky, una mita 4,401. Lakini tazama umri. Appalachian ilimaliza kuinuka miaka milioni 300 hivi iliyopita, Afrika ilipogongana na Amerika Kaskazini. Mabaki ya mgongano huo yako Morocco hadi leo. Tangu hapo mvua na mito, na huko kaskazini barafu, vimekuwa vikiitafuna. Rocky tunayoiona leo ilianza kuinuka miaka kama milioni 80 iliyopita, juzi tu kwa hesabu za miamba!

Jambo ulilolipita haraka ni kwamba Rocky ya Colorado iko zaidi ya kilomita 1,000 kutoka pwani ya Pasifiki, ilhali milima ya namna hii kwa kawaida huinuka karibu na ukingo wa bara. Wanajiolojia wengi wanaona bamba la Farallon, kipande cha ganda la dunia kilichokuwa chini ya Pasifiki, halikuzama wima chini ya bara, bali lilijisukuma karibu kilalo, likaibana miamba ya huko ndani. Halafu Denali uliyoitaja humo si ya Rocky, ni ya Safu ya Alaska.